Mwezi Usio na Macho

Columbia, Maryland
27 Aprili 2025

Mdogo wangu Anatoli,

Tumsifu Yesu Kristo. Habari za Kilema, mama watoto na watoto? Mimi mzima, mgongo tu unanikumbusha umri. Nimeamua kukuandikia kwa sababu kwenye simu tunaanza vizuri tunamaliza kwa kukatiana, na barua huwezi kuikata katikati.

Nimebadilisha kazi. Sasa namtunza bibi mmoja wa Kikorea, Bibi Kang. Ana miaka themanini na kitu na mdomo wa mtu wa thelathini. Chai yangu mbaya, kitanda nakitandika ovyo, nywele zangu zinamwagika kwenye sinki lake. Lakini tunapendana. Jana mwanawe alitupeleka msituni kuchuma machipukizi ya kangaga, mboga wanayoipenda kuliko nyama. Bibi alishuka garini, akasahau kangaga kabisa. Akaanza kukagua kilima kiko wapi na kijito kinapita wapi. Akasema, "Hapa pazuri kuzika mtu."

Nikacheka, nikamwonyesha picha ya kaburi la Mama, ile uliyonitumia baada ya maziko. Aliikuza kwa vidole. Akaona kilele cha Kibo nyuma, mfereji mbele, migomba pembeni. Akaniambia kwao watu huita wataalamu watafute mahali pa namna ile, mlima umkinge marehemu mgongoni, maji yapite mbele yake, na wajukuu wastawi. Kisha akasema kwa Kiingereza chake cha kuokoteza kwamba mama yangu amelala vizuri. Anatoli, nililia mbele ya watu wanaochuma mboga.

Kabla ya sikukuu yao ya mavuno, watoto hurudi kijijini kufyeka makaburi ya wazazi kwa mikono yao. Mimi sikutupa hata konzi moja ya udongo, kwa sababu ya hizi karatasi za ukazi ambazo ukitoka kabla hazijajibiwa hurudi tena. Nifyekee na sehemu yangu. Na unitumie picha.

Dada yako,
Adela


Kilema
18 Mei 2025

Shikamoo dada Adela,

Milele amina. Sisi wazima, ila masika mwaka huu yamepitiliza, barabara ya juu imekuwa uji. Mtoto wa mwisho alikuwa na homa, sasa anakimbia.

Kaburi ni safi. Silifyeki kwa sababu Wakorea wamesema, nalifyeka kwa sababu napita hapo kila siku nikienda zizini. Nimefurahi kusikia Mama kalala vizuri. Alipokuwa hai hakulala vizuri, na aliyekuwa akikesha naye ni mimi.

Mambo mawili. Kwanza, maji ya mfereji yameanza kula ukingo upande wa miguu. Pili, nina wazo, usinirukie. Wageni wanaopanda mlima siku hizi hawataki hoteli za mjini, wanataka kulala ndani ya kihamba, katikati ya migomba na kahawa ya mtu, waamke wamwone Kibo dirishani. Na kwenye kihamba chetu chote, mahali ambapo migomba haikuzibi ni pale alipo Mama tu. Mama anaweza kupumzika vizuri makaburi ya parokia. Ni wazo tu.

Mdogo wako,
Anatoli


Columbia
8 Juni 2025

Anatoli,

Marahaba. Pole kwa homa ya mtoto, mwambie shangazi anamsalimia.

Wazo lako lifute. Sisi Wachaga tangu lini tunawatoa wazazi kihambani kwa ajili ya dirisha la Mzungu? Wewe ni kitinda mimba, nyumba ya Mama ni yako na sijawahi kukugusia hata mgomba mmoja. Lakini Mama si mgomba.

Maji yasikutishe. Mpe fundi mawe, ajenge ukingo, basi. Nilimwuliza Bibi Kang, akasema kwao maji yakiingia kaburini marehemu hapati usingizi, ndipo humhamisha. Ila si siku yoyote tu! Kalenda yao ni ya mwezi wa angani, inaachwa nyuma na jua, kwa hiyo kila baada ya miaka michache wanaongeza mwezi mzima. Huo mwezi wa ziada hauna mwenyewe. Mizimu haiangalii. Ukigusa kaburi, ukishona sanda yako, hakuna wa kukudhuru. Mwaka huu unaanza mwishoni mwa Julai na kwisha Agosti, na Bibi keshaagiza sanda yake ya katani kutoka kwao. Anataka mimi niijaribu kwanza kwa sababu tuna urefu mmoja. Nimekataa, amenuna siku mbili.

Nakusimulia kwa sababu nimependa. Watu wanaogopa kaburi kiasi kwamba lazima wapewe mwezi maalumu ndipo waliguse! Sisi hatuna haja hiyo. Mama yuko mahali pake.

Picha sijaiona bado.

Dada yako,
Adela


Columbia
20 Julai 2025

Mdogo wangu,

Hamjambo huko? Mbona kimya? Simu yako inaita mpaka inakatika.

Nina habari. Karatasi zimetoka! Nilipiga magoti kwenye maegesho ya magari, Mmarekani mmoja akadhani nimeanguka. Krismasi napanda Kilema kama Wachaga wengine wote. Sitaki sherehe, sitaki kupokewa na umati. Siku ya kwanza nataka kukaa pale kwa Mama mpaka nichoke, na mtu asinisemeshe.

Nijibu hata mistari miwili.

Dada yako,
Adela


Kilema
7 Septemba 2025

Shikamoo dada,

Natumaini hujambo na Bibi wako hajambo. Hongera kwa karatasi. Tumefurahi wote, mama watoto alipiga vigelegele.

Sikujibu kwa sababu nilikuwa na kazi. Mama tumemhamisha mwezi wa nane, ndani ya mwezi ule ule uliouandika, kwa hiyo kwa upande wa mizimu usiwe na wasiwasi. Nilimsomea baba mkubwa barua yako, kwamba maji yakiingia marehemu hapati usingizi, na kwamba hata Wakorea wenye akili zao huhamisha. Alikuwa amekataa kabisa, baada ya kusikia akasema kama Adela mwenyewe ameandika, basi. Wazee wengine walinuna, nikachinja mbuzi. Katekista alisali. Yuko makaburi ya parokia, nyuma ya shule. Msalaba fundi bado hajamaliza.

Najua utakasirika. Kasirika. Lakini kumbuka, miaka miwili Mama hawezi kujigeuza kitandani, mikono iliyomgeuza ni hii. Wewe ulikuwa huko unawageuza mama wa watu. Leo hayupo ndiyo unajua uzito wake? Nina watoto wanne, na kahawa haiwasomeshi. Msingi wa nyumba ya wageni umeshapanda.

Mdogo wako,
Anatoli


Columbia
5 Oktoba 2025

Anatoli,

Nimeanza kuandika na kuchana mara nyingi, kwa hiyo salamu utanisamehe.

Niliandika hatuna haja hiyo. Niliandika Mama yuko mahali pake. Ulimsomea baba mkubwa mistari hiyo pia, au ulifika kwenye maji ukakunja karatasi? Mimi nilikusimulia kitu kilichonifurahisha, kama tulivyokuwa tukisimuliana jikoni, wewe ukakigeuza jembe.

Chepngetich, Mkenya ninayepanga naye nyumba, nilipomweleza alisema, "Adela, huyo bro wako ni mjanja aki. Ulimpea stori, yeye akachukua ruhusa." Bibi Kang yeye aliniona nimevimba macho, akauliza nani kafa. Nikamwambia. Akasema kaka yake naye alifanya hivyo hivyo, mwezi wa ziada wa mwaka fulani. Kilima cha wazazi kilikuwa kinajengwa maghorofa, akawachimbua, akawachoma, akawaweka kwenye vijumba ukutani kama masanduku ya posta. Bibi alipata habari akiwa huku Rockville, anauza dukani. Nikamwuliza, mbona hukuniambia mwanzoni? Akasema, "Hukuuliza." Nilitamani kumtupia bakuli. Kesho ni sikukuu yao, na bado lazima nimsaidie kupanga matunda mezani kwa ajili ya wazazi wake walio ukutani.

Ya kuwageuza mama za watu umesema kweli na imeniuma. Sikuwepo, na hilo nitakufa nalo. Ulinibebea mzigo, na ungeniomba chochote kwa ajili hiyo ningekupa. Ungeniomba nisirudi kabisa ningekubali. Hukuomba.

Nitumie jina la fundi wa msalaba. Nitamalizana naye mwenyewe.

Dada yako,
Adela


Kilema
9 Novemba 2025

Shikamoo dada yangu,

Barua yako imenilaza macho. Mama watoto hanisemeshi vizuri tangu aisome. Habari za afya yako? Huku tu wazima wa mwili.

Sitajibizana. Umeniita mjanja, sawa. Nyumba imeezekwa, vyumba vitatu. Kimoja sitampangisha mtu yeyote, hata akija mfalme. Ni chako. Ni kile chenye Kibo dirishani. Ndipo Mama alipokuwa. Nilifikiri ukilala pale utakuwa karibu naye, ndivyo nilivyofikiri, usinicheke. Kitanda nimechongesha cha mti wa mruka.

Barua hii ataileta Gwakisa, rafiki yangu tuliyesoma naye, anakuja huko kikazi ubalozini. Ndani ya bahasha kuna jani la isale. Huko umekaa muda mrefu lakini hujasahau, kwetu mtu akikuletea isale, hata kama ameua, humfukuzi. Hili si isale la popote. Ni la mti ule uliokuwa kichwani kwa Mama. Nilikata jani moja asubuhi ile ya kumhamisha, kabla mafundi hawajaanza kuchimba, nikaliweka kabatini ndani ya kitambaa chake, na ndimo lilimo mpaka sasa.

Njoo Krismasi, dada. Watoto wanaulizia.

Mdogo wako akupendaye,
Anatoli


Columbia
30 Novemba 2025

Anatoli,

Marahaba. Gwakisa alinikabidhi bahasha yako Greenbelt, baada ya misa. Ni kijana mwenye adabu, alikataa hata soda.

Nilifungua ndani ya gari. Jani limekauka lakini bado lina rangi, na kile kitambaa kina harufu ya Mama, moshi na mafuta ya nazi. Nililia mpaka kioo kikaingia ukungu. Nilikuwa nimekusamehe, Anatoli. Nakuambia kweli. Nilishapanga na zawadi za watoto, nilishaona nalala kwenye hicho kitanda.

Nikafika nyumbani nikasoma tena barua yako, taratibu. Umeandika ulilikata asubuhi ile, kabla mafundi hawajaanza kuchimba.

Mti ulikuwa bado umesimama kichwani kwake. Mama alikuwa bado amelala. Majembe yalikuwa bado yameegemea ukuta. Ungewaambia wale watu warudi makwao, ungewapa chai, na mimi nisingejua kamwe. Badala yake ulichukua kisu, ukachagua jani zuri, ukalifunga ndani ya kitambaa chake. Ulishajua utakuja kuniomba msamaha. Uliuandaa kwanza, ukaufungia kabatini, ndipo ukawaita mafundi.

Isale halirudishwi, najua. Wazee wakisikia watasema Marekani imeniharibu. Waache waseme.

Jani lako liko ndani ya bahasha hii. Kitambaa nimebaki nacho. Krismasi nakuja, nitafikia kwa masista wa parokia, na kwa Mama nitakwenda peke yangu. Hicho chumba wape wageni.

Adela