Joto la Goli la Kaskazini

Jumatatu, 13 Machi 1995

Mshahara wa Januari umetoka leo. Gambuti tena, badala ya pesa! Zote namba arobaini na sita. Mji mzima huu una wanaume wangapi wenye miguu hiyo? Wenzangu wamekwenda kuziuza stesheni, pale treni inaposimama. Mimi nimezirusha chini ya kitanda, nimechoka.

Halafu mkurugenzi Hnatovych kaniita. Kuna tajiri wa mafuta anakuja Jumamosi ya tarehe 25 kutazama mechi yetu. Akitupenda ataichukua klabu, maana kiwanda chetu cha gambuti hakiwezi kutubeba tena. Asipotupenda — basi, tumekwisha. Na anataka historia ya klabu, ukurasa mmoja. Niandike mimi, kwa kuwa mimi ndiye nahodha na ndiye mkongwe.

Historia! Kwenye vitabu vya kiwanda mimi ni fundi wa kubandika soli, mwaka wa kumi na nne huu, na soli hata moja sijabandika. Kindrat kipa wetu ni fundi umeme, na kubadilisha balbu anamwita jirani. Ndivyo klabu ilivyoishi miaka yote: tunacheza mpira, tunaitwa mafundi. Sasa hilo ndilo niandike?

Jumatano, 15 Machi

Mazoezi ya hovyo. Upande wa kusini jua limeshayeyusha theluji, lakini goli la kaskazini liko kwenye kivuli cha kiwanda. Barafu tupu. Kindrat kaanguka mara mbili, kaapa hasimami tena pale.

Zamani hilo ndilo lilikuwa goli letu la raha. Mkurugenzi mmoja wa enzi hizo, mgonjwa wa mpira, alipitisha bomba la mvuke chini yake, kutoka kwenye boila za kiwanda. Januari majani yanaota! Paka wa mtaa mzima walizaa pale. Timu za wageni zilikuwa zikilalamika kwamba kipa wetu anadaka huku anaota moto.

Sasa boila inayofanya kazi ni moja, na makaa ya mawe ni ya kuokoteza. Mvuke wote unakwenda kupasha joto maghorofa tunamoishi wafanyakazi. Ni haki, sibishi. Lakini vuli tulishindwa kusafiri mara mbili kwa kukosa dizeli, na ligi imesema mechi ya tatu isipochezwa tunafutwa. Kamishna wa ligi anakuja kukagua uwanja Ijumaa ya wiki ijayo. Akiikuta barafu ile, kwaheri.

Jumapili, 19 Machi

Nimekaa mezani tangu asubuhi na karatasi. "Klabu ilianzishwa mwaka 1948..." Hapo hapo nimekwama.

Mama kanionea huruma. Kaweka bakuli la supu ya borshchi mbele yangu, kaniuliza kama nimeandika habari za udongo. Udongo gani? Akanicheka. Kumbe pale uwanjani palikuwa shimo la bomu! Wasichana wa kiwandani ndio waliolijaza, kila Jumapili, udongo wa kutoka mtoni, wakiubeba kwenye beseni za kuchanganyia mpira wa gambuti. Wanaume wengi hawakurudi kutoka vitani, nani mwingine angebeba? Mama alikuwa na miaka kumi na tisa. Mechi ya kwanza wote waliketi nyuma ya goli la kaskazini, na mchezaji aliyechafua majani walimzomea.

Miaka yote hii naishi naye nyumba moja, na sikuwa najua. Nimeandika yote.

Kifua chake hakijapona. Daktari kasema dawa ya kwanza ni joto.

Jumanne, 21 Machi

Nina hasira! Hnatovych kaisoma historia, katoa kalamu, kafuta wasichana wote. Eti tajiri hataki habari za beseni, anataka makombe. Makombe yapi? Tuna moja, la mkoa, na mkono wake mmoja umekatika!

Halafu kafunga mlango. Anataka mvuke uhamishiwe kwenye goli kuanzia Alhamisi mpaka mechi iishe. Na maghorofa? Akasema watu wana makoti. Tymish, mzee wa boila, keshamkatalia mbele ya watu. Lakini mimi Tymish ananipenda, alinifundisha kupiga kona nikiwa mdogo. Kwa hiyo niende mimi.

Nilimjibu sitaki. Akasema, vizuri, basi uwaambie vijana wako kwamba umeizika klabu wewe.

Alhamisi, 23 Machi

Nimekwenda.

Tymish alikuwa amekaa juu ya ndoo, anakula mkate na mafuta ya nguruwe. Alinisikiliza mpaka mwisho. Hakunitukana, afadhali angenitukana. Aliuliza kitu kimoja tu.

"Mama yako umemwambia?"

Nikasema ndiyo.

Akasimama, akaizungusha koki ya mvuke. Akaniambia nisimpe mkono.

Saa hizi bomba la joto ukutani limepoa kabisa. Mama kavaa koti juu ya sweta, kajifunga shali. Anadhani boila imeharibika. Anamhurumia Tymish, maskini, mzee yule na baridi hii anahangaika na machuma. Kesho anataka kumpelekea supu! Mimi namwitikia, mhm, mhm. Mungu wangu, mimi ni mtu wa namna gani?

Ijumaa, 24 Machi

Uwanja umepita. Kamishna kapiga kisigino mbele ya goli, kisigino kimezama, kasaini. Vijana wamenibeba juu.

Mama amekohoa usiku kucha. Asubuhi nimemkuta dirishani na jirani yetu Motria. Kutoka ghorofa ya nne uwanja unaonekana wote. Goli la kaskazini linafuka mvuke. Supu ya Tymish ilikuwa bado iko jikoni, haijapelekwa.

Jumamosi, 25 Machi

Naandika chumba cha kubadilishia nguo. Mechi ilikuwa ianze nusu saa iliyopita.

Tulipotoka kupasha misuli tuliwakuta wameshakaa. Wanawake wa maghorofa, ishirini au zaidi, wamejaza eneo lote la goli la kaskazini. Wamekuja na vigoda, mablanketi, chupa za chai, watoto wachanga. Mmoja kaanika nepi kwenye nyavu. Na katikati kabisa, pale anaposimama kipa — mama yangu, miguuni gambuti zangu za mshahara.

Refa kawaomba watoke. Hnatovych kawaomba, halafu kawatisha, halafu kawaomba tena, maana tajiri keshafika, yuko jukwaani na koti lake la manyoya. Mashabiki wageni wanapiga makofi, wanauliza kama hawa ndio mabeki wetu. Hakuna aliyeinuka.

Nikapelekwa mimi. Nikachuchumaa mbele yake. Nikamwambia, mama, ni dakika tisini tu, ligi itatufuta.

"Joto letu liko hapa," akasema. "Tumelifuata."

 Akanitazama, kisha akaniweka mkono shavuni. Ulikuwa wa moto.

"Tymish kaniambia. Anadhani nilijua. Udongo huu nimeubeba mimi, Panas. Ungeniuliza tu, ningekupa blanketi langu."

 Nimerudi huku. Refa ametupa dakika kumi: wasipotoka, wageni wanapewa ushindi na sisi tunafutwa. Hnatovych kasema polisi wapo getini, wanasubiri neno moja tu, na neno hilo nilitoe mimi kama nahodha, ili lisionekane lake. Vijana wananiangalia. Wengine mama zao wako kule.

Kindrat kaingia sasa hivi. Nimemuuliza kama wametoka. Hapana. Kasema wamemkaribisha chai, naye kanywa, na kwamba ardhi pale ni ya moto kweli, vizuri kabisa kwa mtu anayekohoa. Kavua glavu zake, kaziweka kwenye benchi.

Refa anagonga mlango.