Maswali Yako Yamefika kwa Bi Mize

Zinga,
S.L.P. 61,
Bagamoyo.
14 Juni 2025

Mpendwa mwanangu Hafidha,

Asalaam aleikum. Marahaba kabisa, maana najua huko Uholanzi umeshaniamkia kimoyomoyo. Hujambo? Kile kifua chako kinaendeleaje na baridi ya huko? Sisi hatujambo, alhamdulillahi. Goti langu linanisumbua nikiinama shambani, ila nikikaa kula halina neno.

Mihogo imekubali mwaka huu. Kaka yako Ashrafu amepaka duka rangi ya kijani kali mno. Wateja wanaingia wakicheka, na wakishaingia wananunua.

Sasa nije kwenye masomo yako. Watu wakiniuliza unasomea nini, nawaambia ugaidi: ni kitu gani kinachowachukua vijana wa watu, na wazuiwe vipi wasiende. Wananiuliza kama umeshapata jibu. Nawaambia bado anasoma, msimharakishe.

Yale maswali uliyonitumia kwenye simu nilikwenda nayo Fukayosi kwa Bi Mize, mama yake Shuaibu, ambaye ulikuwa ukishinda kwake ulipoishi kwa bibi yako. Unajua tangu mwanawe aage kwamba anakwenda kutafuta kazi kusini, ikaja kusikika amevuka mpaka na kujiunga na watu wa bunduki, hakuna aliyepata habari zake tena. Askari walikuja kuuliza, wakaondoka. Majirani nao wakaacha kupita kwake, kila mmoja akiogopa kuonekana. Hata kaa la moto hawakwenda tena kumwomba.

Niliandamana na shoga yangu Mwanabaraka. Tulijitanda kanga kwa ajili ya vumbi, na kwa kuwa sikuweza kwenda mikono mitupu, nikabeba unga na mkeka mpya. Kumbe kijiji kizima kinatutazama: wanawake wawili watu wazima, kanga kichwani, unga na mkeka, asubuhi asubuhi, wanaingia kwa Bi Mize. Wakajua habari ya kifo imefika.

Hatujamaliza hata kusalimiana, wanawake wakaanza kuingia na kuni na masufuria. Wanaume wakakaa uani. Mzee Muharami, ambaye shamba lake limepakana na la Bi Mize, alikuwa ameshamtuma mtu kwa shehe ili kisomo kipangwe. Nilitaka kucheka, nikataka na kulia. Ikabidi nisimame niwaeleze kuwa hakuna msiba, tumekuja kumjulia hali mwenzetu.

Walitahayari sana. Wakaanza kuokota kuni zao. Bi Mize hakuinuka alipokaa. Alisema taratibu, "Kaeni. Kama mwanangu yu hai sijui. Lakini msiba ninao tangu alipoondoka, na sikuwa na wa kukaa naye."

Hakuna aliyetoka. Tukausonga ule unga ugali. Mzee Muharami akaomba radhi mbele ya watu, akasema aliogopa. Kisha wakaanza kumtaja Shuaibu kwa jina, jambo ambalo lilikuwa limekoma kabisa: alivyokwea minazi, alivyowachokoza wapishi wa maulidi akiwaibia ukoko. Bi Mize alicheka hadi akajifuta macho. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, lakini siku ile tuliuonja wote.

Watu walipotawanyika nikamsomea maswali yako. La dalili alilijibu kwa utulivu, na lile la marafiki wapya pia, na sauti yake nimeirekodi kwa ridhaa yake kama ulivyoagiza. Tulipofika pale unapouliza ni nani aliyekuwa karibu naye zaidi kabla hajaondoka, alinishika mkono.

"Andika: Hafidha," akasema. "Walikula sahani moja. Yeye ananiuliza mimi, na mimi namngoja yeye aniambie."

Swali hilo nimeliacha wazi. Likizo ikifika njoo ulijibu mwenyewe, mwanangu. Na siku ya kwanza usije na maswali. Njoo na unga.

Ashrafu anakusalimu, na Mwanabaraka, na babu yako Mbaruku, ambaye bado anaamini Uholanzi iko jirani na Muskati. Bi Mize naye anakusalimu sana.

Mwenyezi Mungu akulinde ulipo, akurudishe kwetu salama, wewe na kila mtoto anayengojwa nyumbani.

Wako akupendaye daima,
Shangazi Ashatu