Aliyemwita Mwanangu Ludmila

Mgodini, Geita
6 Machi 1949

Dada yangu mpendwa Paskazia,

Shikamoo dada. Natumaini barua hii itakukuta mzima hapo Ngokolo, pamoja na shemeji na watoto. Mguu wa baba unaendeleaje tangu atoke hospitali ya Kolandoto? Sisi huku hatujambo. Mtoto ananyonya, nami bado niko kwenye kinu cha kusagia mawe ya dhahabu.

Dada, uliniuliza kwa nini mtoto hakuitwa Limi kama marehemu mama, akapewa jina ambalo hakuna mtu wa ukoo anayeweza kulitamka. Nilinyamaza kwa sababu hata mimi sikujua. Niliporudi kutoka kumuuguza baba nilimkuta ana siku tisa, amekwisha batizwa Ludmila. Nilimwuliza mke wangu ni nani aliyelichagua. Euphrasia akasema, "Ni mimi. Ni jina zuri tu," akainuka kwenda kuteka maji. Mtungi ulikuwa umejaa.

Toka hapo moyo wangu haukutulia. Kwenye zahanati ya mgodi alikuwapo muuguzi Mpolandi, Bibi Yanina, mmoja wa wale wakimbizi wa vita waliowekwa Tengeru, karibu na Arusha. Kila Jumapili alikuja kwetu, akampakata mtoto na kumwita jina lake mara nyingi, machozi yakimtoka. Wanawake wa kambi yetu ya mgodi, ambao "rudi" huitamka "ludi", walisikia "rudi, Mila", wakadhani Mila ni jina la mtu. Mama Bujiku, jirani yetu, akaniambia waziwazi kwamba yule mzungu anamwita marehemu wake arudi ndani ya mtoto wangu. Naye Ignas, karani wetu, akasema Wapolandi wanasafirishwa kwenda Ulaya, na aliyempa mtoto jina huja siku moja kumdai.

Nilikwenda kwa padri. Alifungua kitabu chake cha watakatifu, akanieleza kwamba Ludmila alikuwa mke wa mtawala katika nchi za Waslavi huko Ulaya, mwenye huruma kwa maskini, na kwamba alinyongwa kwa shela yake. Mimi niliondoka na hilo la kunyongwa tu.

Mwisho nikamwuliza Bibi Yanina mwenyewe. Akasema, kwa Kiswahili chake cha kuokoteza, kwamba "lud" ni watu na "mila" ni mpenzi: mpenzi wa watu. Kwao husemwa kuwa msichana wa jina hilo ni mkaidi, lakini hawezi kula chakula huku mwenzake akilia. Nikamwuliza amezijuaje tabia hizo. Akageuza uso, akaanza kunawa mikono. Nikasema moyoni, huyu anaficha.

Sasa dada, keti. Wiki tatu zilizopita nilimwandikia bwana mkubwa wa mgodi barua isiyo na jina, kwamba muuguzi huyu anapanga kuiba mtoto wa Mwafrika na kuondoka naye. Sikuwa nimeona jambo lolote la namna hiyo. Niliandika kana kwamba nimeona. Siku ya tatu aliachishwa kazi, akapandishwa lori la Mwanza na sanduku lake moja.

Euphrasia alilia mpaka maziwa yakapungua. Ndipo aliponiambia. Mtoto alizaliwa bila pumzi, mkunga akamfunika kanga. Bibi Yanina alimfunua, akampulizia mdomoni, akaendelea hata mkunga alipomwambia aache, mpaka mtoto akalia. Euphrasia akamwuliza kama naye ana mtoto. Akajibu alikuwa naye mmoja, Ludmila, wa miaka sita, aliyekufa kwa njaa njiani walipohamishwa wakati wa vita. Jina hakuliomba, dada. Mke wangu alimpa. Na alinificha kwa sababu tumeshazika watoto wawili, akaogopa nitamtazama huyu kama maiti.

Jana nilimwambia Euphrasia kwamba barua ile niliiandika mimi. Alinipa mgongo, akaendelea kunyonyesha.

Kesho asubuhi nitakwenda kwa bwana mkubwa kukiri, kisha nimfuate Bibi Yanina Mwanza, maana nasikia bado anangoja kibali cha kupanda treni. Sijui nitamwambia nini. Nikifukuzwa kazi, utatuona hapo. Na kama Euphrasia atakuja na mtoto bila mimi, mpokee, usimwulize kitu.

Nisalimie shemeji na watoto wote. Baba mwambie nipo, lakini barua hii usimsomee.

Ni mimi mdogo wako,
Theonest