Kura Iliyotoka Nyumbani Kwetu

Nukunonu, Tokelau
Jumanne, 12 Machi

Mpendwa mdogo wangu Telesia,

Salamu nyingi kutoka nyumbani. Hujambo, na hiyo baridi ya Porirua inakuendeaje? Mgongo wa shemeji umepata nafuu? Na watoto, wanaendelea na shule au wanaendelea na usingizi? Maana barua yako ya Krismasi iliwalalamikia kuanzia mwanzo hadi mwisho. Sisi hapa tu wazima. Mama hajambo, ila macho ndiyo yamekwisha kabisa. Sasa anatutambua kwa hatua zetu na kikohozi. Anakula vizuri, anasali vizuri, na kutugombeza ndiyo usiseme.

Mashelisheli mwaka huu yamezaa mpaka tunawapa nguruwe. Bati la jikoni liling'olewa na upepo wa Januari, tumeshalipigilia upya. Lile blanketi ulilomletea Mama hataki kuliondoa mabegani, na joto la hapa unalijua mwenyewe.

Naona nazungukazunguka. Karatasi hii niko nayo tangu alfajiri, na kila nikifika penye neno lenyewe nakumbuka bati.

Habari za uchaguzi najua zilikufikia, kwani huko Porirua mnazipata kabla sisi hatujamaliza kuzisema. Kaka Atonio ameanguka. Kalolo kura mia moja na kumi na mbili, Kaka mia moja na kumi na moja. Kumbuka alikoanzia: mwalimu wa darasa la tatu, aliyewasumbua wakubwa mpaka shule ikapata tangi la maji, ndipo wazee wakasema huyu ana mdomo, tumtume. Miaka tisa ya Ufaipule, kiti cha kukiongoza kisiwa chetu, akitusemea Apia na Wellington, hata New York mwaka ule alipokuwa Ulu, kichwa cha visiwa vyetu vyote vitatu. Jokofu la dawa pale hospitali ni jasho lake. Yote hayo yakaishia kwenye kikaratasi kimoja.

Ambacho hukusikia ni hiki: kikaratasi hicho ni changu.

Soma tena kama hukuamini. Mimi Lepeka, dada yake mkubwa, niliyemshonea shati la kuapishwa mara zote tatu, nilimpigia kura Kalolo.

Nilijiambia ni kwa ajili ya Mama. Desemba Kaka alirudi kutoka Wellington baada ya miezi miwili, akaingia ndani na viatu vyake vya mikutano, ko, ko, ko. Mama akageuza shingo.

"Lepeka, Mzungu huyu anataka nini humu ndani?"

"Mama, ni mimi, Atonio."

"Atonio gani? Atonio wangu hana kwato."

Tulicheka sote, Kaka zaidi ya sisi wote. Kesho yake nikamwomba akae na Mama wiki moja tu, nami nipumzike mgongo. Akatazama saa yake, akaniambia, "Dada, hilo tuliweke kwenye ajenda ya mwezi wa pili." Ajenda, Telesia! Mama yetu mzazi!

Basi hiyo ndiyo sababu niliyokuwa nayo mkononi siku ya kura. Lakini wewe sikufichi. Mama nilimtanguliza tu, nyuma yake kulikuwa na wivu. Kila Kaka akishuka melini alivishwa maua, akapigiwa makofi, akaimbiwa mpaka sauti zikakauka. Mimi ninayemwogesha Mama kila siku, hakuna aliyewahi kuniimbia hata ubeti mmoja. Ni aibu kwa mwanamke wa umri wangu kuandika maneno haya, lakini ndiyo kweli.

Wala sikutaka aanguke. Kila mtu alijua atashinda. Nilitaka apungukiwe kidogo tu, ili kura zikisomwa asikie kwamba kuna mtu mmoja kijijini hajaridhika, na asijue ni nani. Nilidhani wengine watambeba.

Karatasi ya mwisho iliposomwa nilikuwa nimesimama na wanawake mlangoni pa nyumba ya mkutano. Kaka alikuwa wa kwanza kumpa Kalolo mkono. Halafu akaja mpaka niliposimama. "Asante, Dada," akasema. "Wewe umekuwa nami mpaka mwisho." Nami nikaitikia. Niliitikia kabisa, kwa sauti!

Kama mambo yangeishia hapo ningekufa nayo kimya. Hayakuishia hapo. Unamkumbuka binamu yetu Falaniko na mdomo wake usio na breki. Siku moja kabla ya kura alikuwa ufukweni anatengeneza mashine ya boti, akawaambia wenzake, "Safari hii namwombea Atonio apumzike, na masikio yetu nayo yapumzike." Siku ile walicheka. Baada ya kura, mzaha ukawa ushahidi.

Kaka alimwita nyumbani. "Nimewapitia watu wangu mmoja mmoja," akamwambia. "Umebaki wewe."

"Kaka, nakuapia kwa msalaba, nilikupigia wewe. Ule ulikuwa mzaha tu."

"Ungekuwa na haya ungenyamaza."

Mimi nilikuwa pale pale, namenya shelisheli. Niliendelea kumenya.

Wiki ile wanaume wakatoka kuvua jodari, samaki wakapangwa mchangani kama kawaida, kila ukoo ukaitwa kwa jina na fungu la ukoo wetu likaletwa nyumbani. Kulikata na kuligawa ni kazi yangu tangu bibi alipofariki, na hakuna anayemhoji dada mkubwa mwenye kisu. Kaka aliketi kizingitini, akasema bila kunitazama, "Falaniko akale kwa Kalolo."

Telesia, kwetu hata mwizi anapata fungu lake. Mtoto aliyezaliwa asubuhi analaziwa samaki wake mchangani, hana hata jino. Miaka ishirini na mbili nimegawa na sijaruka jina la mtu. Siku ile nikamruka Falaniko.

Mele mkewe akaja na sahani yake, akitania kama siku zote. "Dada, leo nipe vichwa, mume wangu anapenda kufyonza macho kuliko kulala."

"Leo hamna," nikamwambia.

Akatazama samaki waliorundikana nyuma yangu. Akarudi kwake na sahani tupu, akipita mbele ya milango yote ya kijiji, na siku ya pili watu wakaacha kumwamkia.

Sasa ni wiki ya saba. Nimegawa mara nne, nimemruka mara nne. Padri nimemweleza, akasema, "Mungu amekusikia, Lepeka. Bado kaka yako." Nikaenda mpaka mlangoni, nikamkuta Kaka amepiga magoti anamlisha Mama ndizi iliyopondwa, viganja vimechubuka kwa makasia, miguu mitupu. Nilikipata nilichokitaka, na siwezi hata kukitazama. Nikajifanya nimekuja kuchukua ndoo. Wewe nawe nilitaka kukupigia simu, lakini simu iko ofisini, na foleni yote ina masikio.

Na sasa Falaniko anahama. Yeye na Mele na watoto wamejiandikisha kwenye meli ya Alhamisi, wanakuja huko kwenu kutafuta kazi. Falaniko, ambaye hata akilala usiku mmoja kisiwa cha jirani hukosa usingizi! Hakuna aliyemfukuza kwa mdomo. Nilimfukuza mimi kwa kisu cha samaki.

Asubuhi hii amekuja kuniaga. "Dada Lepeka, una mzigo wowote wa Telesia?" Baada ya yote niliyomtenda, ananiuliza kama nina mzigo! Nikamwambia nina barua ila haijaisha. "Maliza tu," akasema, "mimi sina haraka."

Ameketi hapo nje kwenye kivuli cha tangi, anamchekesha Mama. Nawasikia ninapoandika.

"Falaniko, mbona siku hizi huji kula hapa?"

"Nimenenepa mno, Mama. Boti inalalamika."

Hakumwambia. Angeweza kumwambia, na Mama angetuchapa kwa fimbo yake sote, lakini anatusitiri sisi tuliomnyima. Nimeshindwa kuvumilia, Telesia.

Nisalimie shemeji Sione na watoto wote, na Shangazi Ana umwambie mkeka wake uko tayari, umebaki pindo. Mama anakubariki, anasema usiache kusali hata ukichelewa kazini. Mungu akulinde na baridi, na akupe moyo mwepesi kuliko huu wangu.

Bahasha sitaigundisha. Nikishatia sahihi natoka nje na kumpa Falaniko aisome yote, hapo hapo alipoketi. Kaka ameenda kuangua nazi, atarudi adhuhuri. Tutamngoja pamoja, Falaniko akiwa ameishika barua hii mkononi, ili nisipate pa kugeuzia maneno. Baada ya hapo Kaka anitoe kwenye kisu, anitoe hata kwenye nyumba, ni haki yake.

Kwa hiyo tazama itakavyokufikia. Ikiletwa kwa mkono wake, mpokee kama ndugu yako wa tumbo moja, mlishe kwanza kabla ya kumuuliza lolote, na uniombee kwake msamaha nilioukosa hapa. Ikija kwa posta, basi ujue amebaki nyumbani.

Ni mimi dada yako, ninayekupenda na leo naona haya kuandika jina langu,

Lepeka