Bendera Aliyoshona Dada Hsiu-lan

Mpendwa Mama Ruolan, naomba safu yako ya ushauri inisaidie kubeba neno hili maana limenielemea, mimi ni mwanamume wa miaka hamsini na minane, napenda wanaume wenzangu, na baba aliponifukuza nyumbani aliyenipokea ni Dada Hsiu-lan, fundi cherehani wa mtaa wetu wa Wanhua, aliyezaliwa akaitwa mvulana lakini akaishi maisha ya mwanamke, tena enzi ambazo polisi walimlaza rumande kwa kuvaa gauni tu, akanilisha uji wake miaka miwili bila kuniuliza nitaondoka lini. Tulipoandaa maandamano ya kwanza ya kudai haki za watu kama sisi, yeye ndiye aliyetushonea bendera, na asubuhi ile nikamwambia, "Dada, leo baki nyumbani, kamera zitakuwepo, wakikuona wewe watatucheka sote," naye akaikunja bendera, akanipa, akasema, "Haya, mdogo wangu, nendeni salama."

Sasa kuna maonyesho ya historia yetu, na msimamizi ni binti aitwaye Yi-an, naye amepita njia ile ile ya Hsiu-lan, akaniuliza, "Mjomba, watu kama mimi walikuwa wapi siku ile?" nikajibu, "Hawakuwepo," na tangu hapo chakula hakipiti. Juzi nilimpelekea Dada suruali ya kupunguza, sasa ana miaka sabini na sita, akaniuliza tu, "Umekula?" nikamwachia suruali nikaondoka, nikalia njia nzima. Je, nikiri niaibike, au ninyamaze nisimtoneshe kidonda?

Cheng-hsun, Taipei

Cheng-hsun,

Usijifiche nyuma ya kidonda chake. Unayemwonea huruma hapo ni wewe mwenyewe. Ulimfungia mlango aliyekufungulia wake, kisha ukamfuta hata kwenye hadithi. Najua uliogopa, mtu aliyefukuzwa kwao hutafuta kukubalika hata kwa kumkanyaga mwenzake. Lakini lile "hawakuwepo" umelisema juzijuzi tu, wala hakukuwa na kamera.

Nenda kwake kesho asubuhi, bila kisingizio cha nguo ya kushona. Rudia mbele yake maneno yale yale uliyomwambia asubuhi ile, usiseme "kama nilikukosea." Msamaha usimdai, ni mali yake, atautoa akitaka. Kisha muulize kama angependa jina lake liandikwe ukutani pale kwenye maonyesho, maana si lako kulitangaza. Akikataa, kiri kwa Yi-an uongo wako tu, huo ni wako. Akikubali, mshike mkono umpeleke, mkalishe na Yi-an, nawe utoke nje.

Ukiwasikia wanacheka, usikimbilie kuingia.