Florian Hakuutazama Ubao

Austria, milimani
Baridi inakaribia kwisha

Kwa Dada yangu mpenzi Zuwena, Ibra

Shikamoo Dada. Natumai barua hii inakukuta na afya, wewe na wanao, na kwamba ule mgongo sasa unakuacha ulale. Mimi mwili mzima, alhamdulillah, ila roho haijatulia, na sababu utaiona mbele. Nakuandikia kwa kuwa kwenye simu hunipi nafasi. Nikikuuliza jambo, unaniuliza mimi kama nimekula. Karatasi huwezi kuikatiza.

Kwanza habari ya Florian. Ameacha mashindano.

Ulikuwa ukitucheka mimi na Baba kwa mchezo huo. Mzee mzima, theluji anayoijua ni ile ya ndani ya friji, anakaa Ibra mbele ya televisheni, dishi limeelekezwa Ulaya, anamtazama kijana wa Kiaustria akiteremka mlima wa theluji kwa skii, zile mbao za miguuni, na kuzunguka vijiti. Lakini Baba aliingia kwa ajili yangu. Nilipopata kazi ya jikoni katika nyumba ya wageni ya Mama Gerda, nilimwambia kuwa mwana wa mama huyo hushindana katika slalomu, mchezo huo wa vijiti, na tangu siku hiyo Florian akawa wake. Kila mashindano yakimalizika, simu italia. "Mwambie huyo Florian anainama mno! Na huyo kocha wake kazi yake nini, kuvaa miwani?" Namfikishia Florian, anacheka. Mwisho akawa anauliza mwenyewe: "Baba yako kasemaje?"

Tulimfuata tangu hajulikani, anateremka nyuma ya wenzake wote, njia imeshachimbika mashimo. Siku aliyopanda jukwaa la washindi mara ya kwanza, Baba alilia kwenye simu akasingizia mafua. Kisha goti likavunjika. Msimu mzima Florian alikuwa humu jikoni na magongo yake, ananimenyea viazi kwa hasira mpaka hakibaki kiazi. Madaktari walimwambia aache, akarudi. Baba akasema, "Sasa huyu kawa mwanamme."

Na baridi hii ndiyo aliyorudi kuwa Florian yule yule. Katika slalomu, Dada, mtu huteremka mara mbili, asubuhi na mchana, na nyakati zake hujumlishwa. Asubuhi ile aliongoza. Sisi huku nyumbani tulikuwa tunashangilia bado, mara tukasikia ng'ombe wanapiga kelele zizini. Tulimkuta babake, Mzee Josef, ameanguka na ndoo yake ya maji. Ameshakufa. Tulimbeba tukamlaza, na Mama Gerda akanyanyua simu pale pale ampigie kocha.

Nilimshika mkono. "Mama, ngoja. Mwache kwanza amalize mteremko wake." Si ndivyo tungefanya sisi? Alinitazama kama vile nimeingiwa na homa. "Ateremke, acheke mbele ya kamera, watu wote wajue ila yeye?" akasema. "Mwanangu nimfanyie hivyo?" Akapiga.

Sikufichi, nilimkasirikia. Nilisema moyoni, hawa watu wana mioyo ya mawe. Anayeongoza asubuhi huteremka wa mwisho mchana, basi tuliwangoja wengine wote wapite, Mama Gerda amekaa na maiti chumba cha pili, mimi na televisheni. Florian akatokea. Uso wake ulionesha kuwa anajua. Aliteremka vizuri, hakukiruka kijiti hata kimoja. Na kule chini, Dada, kila mshindani hugeuka kuutazama ubao wa saa kabla hajavuta pumzi. Florian hakuutazama. Alivua skii, akazitia begani, akapita katikati ya watu akaja nyumbani.

Baada ya maziko alikaa jikoni kwangu akaniambia hatoshindana tena. Nikamwuliza kama anamlaumu mamake kwa kumwambia. Akashangaa. "Ule mteremko nilimteremkia baba," akasema. "Wangenificha, ungekuwa wa nani?" Nikarudi kwenye sufuria yangu, nakoroga bila ya kuona ninachokikoroga.

Nilimkumbuka Bibi. Nilikuwa nasoma Maskati, mkaniambia Bibi ana homa kidogo, njoo. Nikaja na bakuli la haluwa anayoipenda, nikaingia uani nacheka, naita, "Bibi, toka uone nilichokuletea!" Na wanawake wamekaa kimya kwenye mikeka, wananitazama mimi na haluwa yangu. Msiba ulikuwa unakaribia kwisha. Ibra nzima ilijua, hata muuza samaki wa kutoka Sur alijua, ila mimi. Mlisema mlinihurumia, na nilikubali, kwa sababu ndivyo tulivyolelewa.

Sasa nisikilize. Florian kaacha mchezo, habari imetangazwa kila pahala, na Baba hajanipigia simu. Baba! Nilipopiga mimi, ukasema, "Kalala, maskini, tusimwamshe." Nikapiga tena: "Kenda shamba Al Qabil, kutazama mitende." Kwa mguu wake ule mbovu? Juzi ukaniambia, "Wallahi sote wazima, wewe utakuja lini?" na sauti ikakatika, ukasingizia laini. Wewe na Baba ni wamoja, hamjui kusema uwongo.

Najua mnasema nini hapo nyumbani. Mnasema, Nassor yuko peke yake kwenye baridi, hana ndugu wa kumpa mkono, tumngoje mpaka msimu ufungwe aje mwenyewe. Nawaelewa, Dada, na sina hasira. Lakini naogopa. Nikilala naogopa, nikikata vitunguu naogopa. Florian amenipa kofia ya sufu aliyoivaa siku ile, nimpelekee Baba. Iko hapa mezani. Usiniache niingie tena ule ua nacheka, na zawadi mkononi.

Kama yu hai na anaumwa, mtilie simu sikioni hata kama hawezi kusema, nimpe mimi mwenyewe habari ya Florian. Na kama ameshatutoka, niambie ilikuwa siku gani. Nataka kujua siku hiyo nilikuwa nafanya nini, na kama nilikuwa nacheka. Nitalia, ndiyo. Niache nilie na nyinyi, si baada yenu.

Nisalimie shemeji yangu, mumeo, na umwambie asante kwa kulitengeneza lile dishi kila upepo ulipoligeuza. Nisalimie Ami Khalfan wa Sur, na Bi Salma jirani, aliyetulea mama alipofariki. Wanao nawabusu mmoja mmoja.

Salamu za Baba nimeziacha mwisho. Barua zote nilikuwa nikizitanguliza. Leo sijui niandike "Baba" au niandike "marehemu Baba". Niandikie wewe, Dada.

Mdogo wako,
Nassor