Kitabu Ulichomsomea Babu Ukiwa Jikoni

Mama yangu uliyetangulia,

Barua hii naiacha wazi, aisome yeyote atakayeipata, kwa sababu wewe mwenyewe hukupenda kumwambia mtu mmoja jambo ambalo lingeweza kuwafaa wawili. Nina habari nzuri. Ni nzuri kiasi kwamba sitaki kuitoa kwa haraka. Acha nianzie mbali kidogo.

Unakumbuka vile vitabu vitatu vya nasaha kwa wasichana? Mwalimu Zainabu, jirani yetu aliyetoka Tanga kuja kufundisha kwetu Ipyana, Kyela, alikuachia siku alipohamishwa. Alivileta vimefungwa kwa kanga, akasema, "Mama Sekela, vitabu ni vya binti zako. Kanga ni yako, usije ukawapa." Mlicheka, kisha mkalia, kisha mkacheka tena, na dereva wa lile gari la mizigo akawa anapiga honi.

Tangu siku hiyo tulisomewa. Tukitoka shule, mimi na mdogo wangu Bupe tulikaa nawe katika lile jiko la mianzi tukimenya ndizi, na wewe ulisoma. Vitabu vilitufundisha kufua sare vizuri, kuchagua marafiki, kukataa lifti za watu tusiowajua, kuwajibu wakubwa kwa heshima bila kusema uongo. Mambo mengine yalitushangaza. Kimoja kilisema msichana akiwa mgeni asifungue jokofu la wenyeji bila ruhusa. Bupe, ambaye hata shule ya msingi alikuwa hajaizoea, akauliza, "Mama, na sisi tusio na jokofu, tusifungue nini?"

"Ninyi msifungue midomo," ukamjibu, ukaendelea kusoma.

Ulisoma kwa sauti kubwa mno. Siku moja nilikuambia, "Mama, tuko hapa hapa, mbona unasoma kama uko kanisani?" Ukaniambia kuwa kusoma ni kupaza sauti, na mimi nikaamini.

Wasomaji wa mbali na Kyela huenda hawaijui desturi yetu, basi niwaeleze. Kwetu, mke wa mtu hakutani uso kwa uso na baba mkwe wake. Hamsemeshi, hataji jina lake, na akimwona anakuja njiani huingia migombani mpaka apite. Babu naye halitaji jina la mkwewe. Familia nyingi siku hizi zimeilegeza desturi hiyo, lakini babu ni mtu wa zamani, na wewe hukutaka kumvunjia heshima. Mliishi boma moja miaka yote ile bila kusemeshana neno. Wewe ulikuwa jikoni. Yeye alikuwa nyuma ya ukuta wa jiko, ambako kila jioni alikaa kwenye kigoda chake akigeuza kokoa kwenye mkeka, na mbwa wake Simba amelala miguuni.

Nilikuwa darasa la saba wakati baba mdogo alipotaka niache shule kwa wiki nzima nikaamie ndege, kwa kuwa mpunga ulikuwa umeiva na ndege walikuwa wengi. Baba, unamjua mumeo, mbele ya wakubwa na hata mbele ya mdogo wake akasema sawa. Jioni yake ulifungua kitabu, ukasoma kwa ile sauti yako: "Msichana aliye karibu na mtihani asipelekwe kuamia ndege. Kazi hiyo waifanye watu wazima, ambao hawana mtihani wowote."

Nyuma ya ukuta kokoa ikanyamaza. Halafu tukamsikia babu akimwambia mbwa, "Simba, kesho mimi na wewe tunakwenda shambani kuamia ndege. Mtoto ana mtihani."

Na kweli alikwenda, na makopo yake na kamba. Nilikisifu sana kitabu kile. Niliona kimeandikwa na mtu mwenye akili nyingi.

Bibi wa Mwaya alipougua, kitabu kilisema mwanamke aruhusiwe kwenda kumwona mama yake mzazi, hata kama ni msimu wa kupanda. Babu akamwambia Simba kwamba aliye jikoni aende, na asiende mikono mitupu, mkungu ule mkubwa karibu na kisima akaukate. Ng'ombe wa babu, yule mwekundu, alipokuwa akivunja ua wa jirani na jirani anaona haya kusema, kitabu kilikuwa na ukurasa kuhusu hilo pia. Mama, nilikuwa mtoto. Sikujiuliza kwa nini kitabu cha wasichana kishughulike na ng'ombe.

Mwaka ule ulipougua, ulisoma ukiwa umejifunika blanketi karibu na moto. Sauti ilikuwa imepungua, lakini uliipandisha hivyo hivyo, ukapumzika kila baada ya maneno machache. Jioni moja ulisoma: "Binti akifaulu, asisimamishwe na mtu wa nyumbani kwake. Wa nje watamsimamisha vya kutosha." Ukarudia. Ukanitazama kidogo, kisha ukautazama ukuta. Babu siku hiyo hakumwambia mbwa kitu. Tulisikia tu anakohoa.

Ulituacha mpunga ukiwa bado mchanga. Nikaingia kidato cha nne bila wewe. Nilisoma, mama. Matokeo yalipotoka nilikuwa nimefaulu, na baadaye majina ya kidato cha tano yalipotangazwa jina langu lilikuwemo, shule ya bweni, mkoa mwingine kabisa.

Hapo ndipo baba mdogo alipokuja na pikipiki kutoka Kasumulu, ambako ana duka karibu na mpaka. Akaomba kikao. Tulikaa ukumbini kwa babu: babu, baba, baba mdogo, na mimi kwenye mkeka karibu na mlango.

"Sekela ni mtoto mzuri," baba mdogo akaanza. "Hakuna anayebisha. Lakini kidato cha nne kinatosha. Mimi nahitaji mtu mwaminifu wa kusimamia duka, na kila ninayemweka ananiibia. Sasa nikimchukua mgeni na huku mtoto wetu yupo, si watatucheka? Huko shuleni atarudi na nini? Dukani atakuwa na maisha yake leo leo."

Hakusema kwa ubaya. Ndiyo maana niliogopa. Mtu akisema kwa ubaya unajua pa kushika. Baba alikuwa anatazama vidole vyake vya miguu. Niliona kabisa "sawa" inakuja mdomoni mwake.

Babu akasema, "Ngoja. Katika kile kitabu cha wasichana kuna mahali pamesema binti akifaulu asisimamishwe. Gwe Sekela, kakilete, usome, baba yako mdogo asikie."

"Kitabu!" baba mdogo akacheka. "Mzee, vile vya kufundisha kufua soksi?"

"Na wewe zako zinanuka," babu akamjibu. "Mtoto, kalete."

Nikavileta vyote vitatu. Nikapekua cha kwanza, nikapekua cha pili. Nilipofika cha tatu nilikuwa nafunua polepole, kwa sababu tayari nilikuwa nimeelewa. Vitabu vile nilikuwa nimevisoma mwenyewe mara nyingi tangu uondoke, na sikuwahi kuyaona maneno yale. Hayakuwa na ukurasa. Wala ndege hawakuwa na ukurasa, wala bibi wa Mwaya, wala yule ng'ombe. Mama! Ulikuwa unasema naye. Miaka yote ile ulikuwa unaongea na baba mkwe wako mbele ya macho yetu, nasi tunamenya ndizi.

Watu wazima watatu walikuwa wananingoja. Ningeweza kuinua kitabu na kuyatamka. Baba mdogo asingekuja kuangalia, na babu asiyesoma asingejua. Nilitaka kwenda shule kuliko nilivyowahi kutaka kitu chochote. Lakini sikuweza kuipata shule kwa kudanganya na hali nimeshika mkononi vitabu ulivyotulelea.

Nikasema, "Babu, hayamo. Nimetafuta. Hakuna mahali palipoandikwa hivyo."

Baba mdogo akapiga paja. "Si mnaona?"

Babu hakumtazama. Alikuwa ananiangalia mimi, na uso wake ukaanza kukunjuka, mpaka akacheka kile kicheko chake kisicho na meno. "Najua hayamo," akasema. "Kitabu kimetoka Dar es Salaam huko, kitamjuaje ng'ombe wangu? Nilijua tangu siku ile ya ndege. Nilikwenda shambani nikicheka njia nzima."

"Sasa mbona umenituma, babu?"

"Nilitaka kuyasikia tena."

Kisha babu akafanya jambo ambalo hakuna mtu katika boma letu aliyewahi kumsikia akilifanya. Akasema, polepole, kama anayekanyaga daraja asilolijua, "Yale ni maneno ya Atuganile."

Alilitaja jina lako, mama.

Baba akainua kichwa kama aliyeitwa. Hata baba mdogo akavua kofia.

"Viweke chini hivyo vitabu," babu akaniambia. "Yaseme wewe."

Nikaviweka kwenye mkeka. Nikasimama. Nikasema mbele yao wote: "Binti akifaulu, asisimamishwe na mtu wa nyumbani kwake. Wa nje watamsimamisha vya kutosha." Sikuishia hapo. Nikamwambia baba mdogo kwamba namheshimu, na kwamba likizo nitakwenda kumsaidia dukani kwa moyo wote, lakini nataka kusoma, na ninaomba asinipangie mahali pengine wakati nafasi hii nimeipata.

Aliyejibu hakuwa babu. Alikuwa baba. Mumeo, mama, ambaye nimemsikia akisema "sawa" maisha yangu yote, alisema, "Mtoto aende." Akarudia kwa nguvu zaidi, mpaka kuku wakakimbia mlangoni: "Nimesema aende!"

Baba mdogo akavaa kofia yake. "Basi aende," akasema. "Ila huyu asomee sheria. Leo amenishinda bila hata kitabu." Siku ya safari ni yeye aliyenibebea sanduku kwenye pikipiki mpaka stendi ya Kyela, akagombana na kondakta lisiwekwe chini ya magunia ya mchele.

Vitabu nimemwachia Bupe. Ni vitabu vizuri, na nawaambia wasichana watakaosoma barua hii wavitafute vya namna hiyo, wavisome na kuvipima. Lakini wamtafute pia anayewajua kwa majina, anayejua shamba lao lina ndege wangapi. Mimi nataka siku moja niandike kimoja, cha wasichana wa mpunga na kokoa. Kitakuwa na ukurasa wa kuamia ndege. Na wa ng'ombe nitauweka, wacheke wakitaka.

Habari yenyewe ndiyo hii, mama. Nimefika. Nakuandikia nikiwa bwenini, kitanda cha juu, karibu na dirisha. Huku ni baridi na ndizi zao hazina ladha. Jina langu limo katika daftari la kidato cha tano, nimeliona kwa macho yangu, na kesho asubuhi kipindi cha kwanza ni Kiswahili. Nitakaa mbele.

Ndaga fijo, mama. Asante sana. Pumzika, sasa nasema mwenyewe.

Binti yako mkubwa,
Sekela wa Atuganile